Aliye Mbele Haandikiwi Alama

Ukuta wetu umepinda. Ndivyo tulivyoukuta. Upande wa kushoto umepinda kuelekea nje, na wa kulia nao umepinda kuelekea nje, kama viganja vya mtu anayeteka maji kwa mikono na hataki yamwagike, na katikati ya viganja hivyo ndimo tulimozaliwa mimi na mdogo wangu Kombo. Watu wa huku huziita kuta hizo mabano. Nimelitafuna neno hilo hadi likapoteza ladha. Mabano. Yanabana. Aliyelitunga wala hakujisumbua kuficha kitu, nami namchukia kidogo kwa ukweli wake, maana uongo mdogo ungeniacha nilale.

Jina langu ni Mwatima, lakini hilo ni jina la kuitiwa chakula. Katika mtajo, yaani ile safu ndefu ambamo sisi sote wa huku tumepangwa bega kwa bega, mimi ni herufi tu. Herufi ni mtu mwenye thamani ambayo hajaambiwa. Kuna wakati naamka mzito, kitanda kinalia, nikajiambia haya basi, mimi ni saba, au zaidi ya saba. Kabla sijamaliza kunawa uso nahisi mwepesi, nusu, robo, kitu cha kupeperushwa. Na kuna nyakati mbaya ambapo nakaa kwenye kigoda nikishika magoti yangu kwa hofu kwamba huenda mimi ni sifuri na kwamba hakuna anayetaka kuniambia. Watu wa namba hutucheka. Tano amelala tano akaamka tano. Ana raha zake. Sisi wanatuita vigeugeu, mbele ya macho yetu, na sisi tunacheka nao ili yaishe.

Juu yetu hakuna mbingu. Kuna weusi mpana, na kutoka kwenye weusi huo huanguka vumbi jeupe linalotuwasha pua. Wala hatuna jana. Tuna mstari wa juu. Jambo likishafanywa, safu nzima hushuka mstari mmoja, na ule tuliokuwa tukiuishi hufutwa, na vumbi lake ndilo hilo tunalopigia chafya. Kwa hiyo usiniulize haya ninayokusimulia yametokea lini. Huenda yameshanipata, huenda yananipata hivi sasa mdomo ukiwa wazi, huenda mtu fulani mwenye chaki hajaamua bado. Mimi najua kitu kimoja tu kwa hakika, kwamba naogopa, na hofu haijali mstari.

Sasa nikueleze tulivyokaa ndani.

Mimi nilikuwa mbele, karibu na mlango. Kombo alikuwa nyuma. Kati yetu, sakafuni, kililala kijiti kimoja kimelazwa. Ndicho kilichokuwa alama yake. Mwatima toa Kombo, ndivyo tulivyosomwa na kila aliyepita nje, nao walitusoma kwa sauti bila haya. Mdogo wangu alikuwa hasi tangu anazaliwa. Hakufanya lolote. Wengine huzaliwa na kidole cha sita, yeye alizaliwa na kijiti.

Kuwa hasi si kuwa mbaya, wala si kuwa maskini. Ni kupunguza. Kombo akienda kisimani watu wanajihesabu wanajikuta pungufu, wanamgeukia kwa macho makali. Akitandikiwa mkeka, nafasi inapotea badala ya kukaliwa. Mwalimu alimrudisha nyumbani mlangoni, akasema darasa likiingiwa na huyu litabaki na watoto wachache kuliko walioandikishwa. Basi yale tuliyofundishwa sisi yeye aliyasikia dirishani, vipande vipande, wimbo bila maana yake. Kwenye harusi hakualikwa. Mama alipokufa wakamwambia kwa upole, wakimshika bega, asije akabeba jeneza, maana mabega yatapungua na mama ataanguka. Akatufuata kwa mbali, peke yake, akiwa ameshika viatu mkononi sijui kwa nini. Mimi nilikuwa mbele nikipewa pole na watu wote. Katika maisha yake yote hakuna mtu, nje ya mabano yetu, aliyewahi kumuuliza kama amekula.

Na angalia neno lenyewe. Toa. Ukimwambia mtu toa, umemwambia atupe au atunyang'anye? Anayetoa sadaka anatoa, na anayetoa mbili katika tano anatoa. Kombo hutoa. Hunitolea minofu ya samaki akabaki na mifupa, hunitolea shuka lake nikihisi baridi. Na bado walimwita Toa kwa ile maana nyingine. Nimewaza mara nyingi kwamba huenda aliyemwandika alimaanisha ya kwanza, na wasomaji ndio waliokosea. Lakini nani atamuuliza aliyeandika?

Mimi nilikuwa chanya. Nilijua hivyo kama unavyojua kwamba una kisogo. Aliye mbele haandikiwi alama yake. Ndivyo ilivyo huku: ukiwa wa kwanza ndani ya mabano na wewe ni chanya, hubebi chochote, husemi chochote, kila mtu anaelewa. Ni yule wa nyuma anayetakiwa kujieleza. Nilitembea mikono mitupu maisha yangu yote nikidhani kwamba huo ndio wepesi wa mtu mwema.

Siku hiyo, kama ilikuwa siku, jirani yetu Bi Zuhuria aliniita kutoka ng'ambo ya ukuta. Bi Zuhuria ni mama wa makamo, mjane wa namna yake, na sauti yake hupita kwenye tofali.

"Mwatima! We Mwatima! Upo?"

"Nipo, Bi Zuhuria. Kuna nini?"

"Kuna mtu ameegemea ukuta wenu."

"Mtu gani?"

"Toka mwenyewe uone. Mimi sitaki kulitaja jina lake kabla sijanywa chai."

Sikutoka. Nilichungulia kwenye tundu la komeo. Alikuwa amesimama nje, ameegemeza bega kwenye ukuta wetu wa kushoto, mrefu, kimya, hana macho, na kwenye paji la uso amefungwa kijiti kilicholala. Viganja vyake vilikuwa vizito vyote viwili. Hasi Mbili.

Nilirudi nikakaa chini. Unajua, sehemu nyingine wanaotaka kuzidishana huweka kitu kati yao, alama, mkataba, salamu. Kwetu hakuna. Kwetu anayesimama karibu na ukuta wako bila neno ameshakuzidisha, imebaki kutekelezwa tu. Kukaribia ndiko kutawala. Nimejiuliza kwa nini aliye nje ndiye mwenye mamlaka juu ya walio ndani, na sijapata jibu. Nadhani ni kwa sababu sisi tumeshikana na yeye hajashikana na mtu.

"Bi Zuhuria," nikasema nikiwa nimebandika mdomo ukutani, "haiwezekani tukamalizana wenyewe humu ndani? Magazijuto inasema mabano kwanza."

Magazijuto ndiyo sheria yetu. Mabano, Gawanya, Zidisha, Jumlisha, Toa. Tuliimbishwa tungali wadogo hadi ikawa kama jina la babu. Tuliamini kabisa kwamba kuna mzee anaitwa Magazijuto, anakaa mahali, na akikasirika anakuja.

"Mabano kwanza, ndiyo," akasema Bi Zuhuria. "Mngekuwa herufi moja mngemalizana humo humo, mmoja akamla mwenzake, kikabaki kilichobaki. Lakini wewe ni Mwatima na yule ni Kombo. Herufi mbili hazichanganyiki, mwanangu, hata mkiwa tumbo moja. Lazima mfunguliwe."

"Na tukifunguliwa?"

"Si unajua. Mgeni anatakiwa amguse kila mmoja aliye ndani. Kila mmoja, bila kuruka. Ndiyo sheria."

Nilijua. Nilisoma mimi, sikukaa dirishani. Hasi ikigusa hasi hutoka chanya. Hasi ikigusa chanya hutoka hasi. Kombo angeguswa akageuka, akawa chanya, tena mara mbili. Na mimi ningeguswa nikageuka. Tena mara mbili. Niliiona hesabu hiyo imesimama mbele yangu kama mtu aliyeingia bila hodi. Nikaona mkeka unapungua nikikaribia. Nikaona jeneza, na mimi nyuma, nimeshika viatu.

Niliogopa. Sitaki kuipamba. Nilitetemeka hadi meno yakagongana, na sehemu ya hofu hiyo ilikuwa aibu, kwa sababu jambo lile lile ambalo mdogo wangu aliliishi kila siku bila kulalamika, mimi nilikuwa silimudu hata kulifikiria.

"Lakini," Bi Zuhuria akasema, na sauti yake ikashuka, "sheria ni sheria, na Mrahisishi ni Mrahisishi."

Hapa nieleze. Hasi Mbili haoni. Huongozwa kwa mkono na ofisa anayeitwa Mrahisishi, ambaye kazi yake ni kuingia kwenye mabano ya watu na kuyarahisisha. Neno jingine la kutafuna. Rahisi ni kitu chepesi, na rahisi ni kitu cha bei ya chini, na sijawahi kuambiwa yeye anatufanyia kipi. Si mtu katili. Ana haraka. Safu ni ndefu, kifutio kinamfuata nyuma, na yeye ana chaki moja inayoisha. Kwa hiyo hufanya kosa lake lile lile, kosa ambalo wote tunalijua na hakuna anayelisema mbele yake. Huingia, humgusisha mgeni yule aliye mbele, huandika, huondoka. Wa nyuma humsahau. Ni kama mtu anayefika msibani akampa mkono yule wa kwanza mlangoni, akadhani amewapa pole wote.

"Mume wangu alikuwa nyuma," akasema Bi Zuhuria. "Tulijiwa na Tatu. Tatu njema kabisa, chanya, ya kuombea. Nikaguswa mimi, nikawa mara tatu, nikajaa hadi pete zikakatika. Yeye alikuwa mtu wa haya, hakusema kitu. Kuta zikaondolewa, safu ikashuka, yeye akabaki kama alivyo. Mara moja tu. Sasa tunaishi mstari mmoja na hatuonani vizuri. Namwona mdogo, ananiona kama mlima."

Alikohoa vumbi. Nami nilikuwa nimeshaacha kumsikiliza, Mungu anisamehe, kwa sababu kichwa changu kilikuwa kimeanza kupiga hesabu.

Tukikaa hivi tulivyo, Mrahisishi ataingia, atanigusisha mimi, nitakuwa hasi mara mbili. Kombo atasahaulika, atabaki hasi yake. Nyumba nzima hasi. Hakuna atakayepona.

Lakini tukibadilishana nafasi. Kombo mbele, mimi nyuma. Ataguswa yeye, hasi kwa hasi, atatoka chanya. Mimi nitasahaulika. Nitabaki nilivyo. Mzima.

Wote wawili wazima.

Niliirudia. Niliirudia kinyumenyume. Niliikagua kama mtu anayekagua mchele usiku wa kuamkia harusi, nikitafuta jiwe. Jiwe lilikuwa moja tu, kwamba si haki. Safu ingeshuka na uzito usio wake, na mahali fulani, upande wa pili wa mtajo ambako sijawahi kufika, mtu nisiyemjua angekosa kitu bila kujua kwa nini. Nikamfikiria mtu huyo kwa muda mfupi. Nikamwambia anisamehe. Nikainuka.

Kosa la Mrahisishi ndilo lilikuwa tumaini langu. Sijui kama umewahi kuomba dua kwamba mtu asiijue kazi yake.

Kombo alikuwa nyuma anashona kamba ya kiatu. Aliinua uso akatabasamu, maana yeye hutabasamu ukimwangalia tu, kwa mshangao wa kuangaliwa.

"Dada, mbona umekauka hivyo? Unaumwa?"

"Siumwi. Kombo, njoo ukae mbele."

"Mbele wapi?"

"Mbele, mlangoni. Pale pangu."

Akacheka kidogo. "Watu wakija watanikuta mimi kwanza. Watarudi."

"Anakuja mgeni mmoja tu, na huyo harudi. Mdogo wangu, nisikilize. Huyo mgeni ana mkono wa heri. Akikugusa utapona."

"Nitapona nini?"

Nilishindwa kumtazama. "Kijiti."

Akaweka kiatu chini taratibu mno.

"Kila anayeguswa anapona?" akauliza.

Huo ndio mlango niliopaswa kupitia. Ulikuwa wazi. Ningemwambia: anapona aliye kama wewe, na aliye kama mimi anaumia. Ningemwambia na angeelewa, hakuwa mjinga, alikuwa amenyimwa darasa tu. Lakini nilijua vilevile kwamba akielewa hatakubali. Angeng'ang'ania nyuma. Angesema dada, mimi nimezoea. Ningeyasikia maneno hayo na ningekubaliana nayo, na hilo ndilo nililoliogopa kuliko yote.

"Kila anayeguswa," nikasema.

Kubadilishana nafasi kunaruhusiwa huku, mradi kila mtu aondoke na alama yake. Nikarudi nyuma nikiuambaa ukuta kwa mgongo, yeye akaja mbele, tukapishana katikati ya chumba kile chembamba, nikasikia joto la bega lake. Alipofika mlangoni akasimama wima, mikono mitupu, kama nilivyosimama mimi miaka yote. Nami nilipotazama chini nikakiona kijiti chake. Alikuwa amekiacha sakafuni, pale pale katikati. Na sasa aliyekuwa nyuma yake ni mimi.

"Kombo! Kijiti chako!"

"Si nakwenda kupona? Cha nini tena?"

"Kichukue! Kichukue upesi, kitanishika mimi!"

Nilipiga kelele ambayo sikuwahi kumpigia. Akarudi mbio, akakiokota kwa mikono miwili, akakikumbatia kifuani kwa aibu.

"Nisamehe, dada. Wallahi sikujua kama kinashika mtu. Ningejua nisingekiacha."

Nilitaka kumwambia sababu ya pili, kwamba akienda kwa mgeni mikono mitupu, mgeni atampa chake. Nikaumeza ulimi. Sababu hiyo ingefungua ile nyingine.

Kisha nikagundua kwamba mimi nami sina alama. Aliye nyuma hawezi kukaa hivi hivi, atagandana na wa mbele. Lazima kitu kimtenganishe. Nikaanza kutafuta jumlisha yangu, ile niliyopewa nilipozaliwa na sikuwahi kuitoa. Chini ya kitanda, haipo. Kwenye sanduku la mama, haipo. Jasho lilinitiririka, na nje nilisikia sauti ya chaki ikikaribia, kwaru, kwaru, nyumba ya Bi Zuhuria, nyumba yetu. Niliikuta nyuma ya mlango, imetundikwa kwenye msumari, imejaa utando wa buibui. Vijiti viwili tu, kimoja kimelala, kimoja kimesimama. Nilishangaa. Ndiyo hii? Ndiyo tofauti yote? Kijiti changu kilicholala kilikuwa sawa kabisa na cha Kombo. Nilichomzidi ni hicho kimoja kilichosimama. Nikaipangusa kwa upindo wa kanga, nikaisimamisha mbele yangu, nikatulia kama kuku anayesikia mwewe.

Toa Kombo, jumlisha Mwatima.

Nipo. Sipo. Nipo lakini msinione. Mimi ni saba. Mimi ni nusu. Kama mimi na Kombo tuna thamani moja, basi nyumba hii ni sifuri, siku zote ilikuwa sifuri, na mgeni amekuja kuzidisha chumba kitupu. Nani basi anayetetemeka? Sifuri inatetemeka? Nyamaza, Mwatima. Pumua kwa pua.

"Hodi wenyewe!"

"Karibu," akasema Kombo, na sauti yake ilikuwa nyembamba, sauti ya mtu ambaye hajawahi kukaribisha. "Shikamoo, bwana."

"Marahaba, marahaba." Mrahisishi aliingia akiwa ameinamisha kichwa, nyusi zimejaa unga mweupe, anamvuta Hasi Mbili kwa kiganja. Hakutazama pembeni. Hakunitazama. "Tusichelewe. Nani wa mbele? Wewe? Lete kijiti."

Kombo alikinyoosha kijiti chake. Hasi Mbili akainama, akakifungua kile cha kwenye paji la uso wake, akakiweka juu ya cha Kombo. Na hapo ndipo nilipoona jambo ambalo darasani walitwambia tukariri tu. Kijiti cha chini kililala, cha juu kikazunguka chenyewe polepole kikasimama, vikawa msalaba, vikawa jumlisha. Vijiti vilevile viwili vya kupunguza. Hakuna aliyeongeza kitu. Kisha, kwa kuwa alikuwa wa mbele, alama yote ikayeyuka mikononi mwake, na viganja vizito vikamshukia mabegani.

Akajaa. Mabega yalitanuka, kivuli kikawa mara mbili, na alipovuta pumzi chumba kizima kilivuta naye. Ukuta wa kushoto ukaanza kufifia. Kupitia pale ulipokuwa, Bi Zuhuria alikuwa amesimama na birika mkononi, akamtazama mdogo wangu juu hadi chini kama mtu anayemwona mara ya kwanza.

"Kombo," akasema. "Kombo mwanangu. Umekula?"

Mdogo wangu alifungua mdomo ukatetemeka, akaufunga. Machozi yalimtoka na hakuyafuta.

Mrahisishi alikuwa ameshaandika. Alikuwa ameshageuka. Kifutio kilisikika kikija kutoka upande wa kushoto, na yeye alimshika Hasi Mbili mkono, na mguu wake mmoja ulikuwa nje. Nami nyuma ya jumlisha yangu nilibana pumzi, nikahesabu hatua zake kwa moyo, nenda, nenda baba, nenda na haraka yako njema. Ukuta wa kulia nao ulikuwa unafifia. Nilikuwa mzima. Sote tulikuwa wazima. Furaha ilinipanda hadi kooni na nikaona nitaangua kicheko.

"Bwana!" Kombo akaita. "Bwana, subiri kidogo."

Mrahisishi akageuka, amekunja uso. "Nini tena?"

"Umemruka dada yangu."

Nilimwona amenyoosha mkono kunielekea. Sauti yake ilikuwa imekuwa mara mbili na hakujua kuipunguza, ikavuma safu nzima, watu wakatoa vichwa. Uso wake ulikuwa unang'aa. Alikuwa mtu aliyerukwa maisha yake yote, na sasa, alipopata kitu cha kwanza chema, hakukaa nacho hata dakika kabla hajanitolea.

"Yupo mwingine?" Mrahisishi akauliza. Akatazama kwenye vumbi, kwa mara ya kwanza akionekana mwenye aibu. "Nyuma hapo kuna mtu?"

Ningeweza kunyamaza. Ningeweza kusema mimi sihitaji, mpeni mwingine. Lakini Kombo alikuwa ananitazama, na ili nikatae ingenibidi nimweleze kwa nini, na kwa kumweleza ningemnyang'anya alichokipata, maana angejua alikipata kwa hila, na angejua alichotaka kunifanyia. Asingelala tena. Namjua.

"Nipo," nikasema.

Mrahisishi alirudi. "Samahani, mama. Safu ni ndefu." Aliisema kwa dhati, kisha akamsukuma Hasi Mbili mbele yangu, kijiti kimerudi kwenye paji lake la uso kana kwamba hakijatumika. Viganja vilikuwa baridi. Sikuhisi maumivu. Nilihisi tu kwamba chumba kimekuwa kikubwa kuliko nilivyokuwa nikikijua, na kwamba Bi Zuhuria, ambaye alikuwa akinitazama, sasa anatazama mahali jirani na nilipo. Nilimtafuta Hasi Mbili nimlaumu na hakuwepo tena. Alikuwa ameisha. Alikuwa amegawanyika ndani yetu wawili, mimi na ndugu yangu, na huko nje hakubaki mtu wa kumshika shati.

Kuta hazikuwepo. Safu ilianza kushuka, vumbi likanyesha. Kombo alikuja mbio akanikumbatia, na nilimwona akisita kidogo, amejihisi mwepesi ghafla bila kuelewa ni nini, akadhani ni furaha.

"Umeona, dada? Nusura wakusahau. Umefurahi?"

Kile kijiti kilichosimama kilikuwa kimeanguka kutoka kwenye alama yangu na kilikuwa kimelala vumbini kati ya miguu yetu. Nikakikanyaga asikione, nikamwambia nimefurahi.